DLL na kache ya hati: maswali tunayoulizwa kila siku dukani

Duka letu liko orofa ya pili, hatua chache kutoka Luthuli Avenue, Nairobi. Ukipanda ngazi Jumatatu asubuhi utakuta watu wamekumbatia laptopu vifuani kama wanaopeleka mtoto kliniki, na mmoja wao hakosi kuwa na ujumbe wenye herufi hizi tatu: DLL. Mwingine atasema Word imemwambia kuna hitilafu kwenye kache ya hati. Majibu ni yale yale kila wiki, kwa hiyo nimeyaandika hapa. Soma kabla hujagusa kitu, hasa kabla hujafuta kitu.

DLL ni kitu gani hasa?

Ni faili ya maktaba ya pamoja. Ndani yake mna maagizo ambayo programu nyingi huyatumia, ili kila programu isilazimike kubeba nakala yake.

Chukua chama cha akina mama kule Kayole. Kina hema moja, viti mia na sufuria tatu kubwa. Mwenye ruracio, yaani sherehe ya mahari, anaazima, mwenye msiba anaazima, na hakuna anayenunua hema la kuweka nyumbani kwake. Windows inaendeshwa hivyo tangu toleo la kwanza la 1985. Dirisha la kuchagua faili unaloliona ukibofya "Save As", kwa mfano, si mali ya programu uliyo ndani yake. Limeazimwa kwenye maktaba ya mfumo, ndiyo sababu linafanana kwenye programu nyingi. Faida yake ni kwamba RAM inabeba nakala moja tu ya maagizo hayo hata kama programu kumi zinayatumia, na Microsoft ikirekebisha kasoro kwenye faili moja, zote kumi zimepona.

Ubaya wake unaujua ukishakaa kwenye chama chochote. Mmoja akirudisha sufuria imetoboka, anayefuata ndiye anayelala njaa. Miaka ya 90 programu mpya ilikuwa ikisakinishwa inaandika toleo lake la DLL juu ya lile lililokuwapo, na programu ya zamani inakufa siku hiyo hiyo. Mafundi wa wakati ule waliiita hali hiyo jehanamu ya DLL. Siku hizi Windows huweka matoleo mbalimbali bega kwa bega kwenye folda inayoitwa WinSxS, kila programu ikapewa lile inalolitaka. Jehanamu haijazimika kabisa, lakini moto umepungua.

Na kache ya hati je?

Mpite mama mboga saa kumi na moja jioni. Sukuma imeshakatwa, iko kwenye mifuko. Hakungoja uje ndipo aanze kukata, kwa sababu anajua watu wa kutoka kazini wana haraka. Kache ni hiyo: kitu kilichowekwa karibu mapema ili usisubiri.

Ukifungua hati iliyo OneDrive au SharePoint, huduma za Microsoft za kuhifadhi hati mtandaoni, Word haiandiki moja kwa moja kwenye seva iliyo ng'ambo kila ukibonyeza herufi. Inaweka nakala kwenye diski yako, unafanya kazi juu ya nakala hiyo, kisha mabadiliko yanapakiwa nyuma ya pazia mtandao ukiruhusu. Mpango huu ulikuja na Office 2010, na kati ya maktaba zinazousimamia iko moja inayoitwa csi.dll. Nakala zenyewe zinakaa hapa kwenye Office za sasa:

%localappdata%\Microsoft\Office\16.0\OfficeFileCache

Ukiingia humo utakuta faili zenye majina marefu ya kutisha yanayoishia na .FSD. Usijaribu kuzifungua kwa Word, hazifunguki. Hati yako imo humo, lakini imekatwakatwa kama ile sukuma.

Shika jambo moja hapa, maana ndilo linalowaponza watu: kache hii si takataka. Kache ya picha ndogo za faili, inayosimamiwa na thumbcache.dll, ukiifuta Windows itaitengeneza upya na hutapoteza hata nukta. Kache ya kurasa za wavuti vilevile. Lakini kache ya hati za Office inaweza kuwa na kazi yako ambayo bado haijafika kwenye seva, na hiyo ikifutwa hakuna mahali pengine ilipo.

Fundi, kompyuta inasema DLL haipo. Niipakue wapi?

Usiipakue.

Najua ukitafuta jina la faili hiyo kwenye Google, matokeo ya kwanza ni kurasa zinazokupa DLL moja moja bure, zenye kitufe kikubwa cha kijani. Ziache. Kwanza, hujui aliyeiweka hapo ameongeza nini ndani, na DLL ikishaingia inaendeshwa kwa mamlaka yote ya programu iliyoiita. Pili, hata kama ni safi, pengine si toleo lako. Unaweza kuchukua ya biti 32 ukaipa programu ya biti 64, ukatoka kwenye ujumbe wa faili kukosekana ukaingia kwenye ule wa 0xc000007b, ambao ni mgumu zaidi kuuelewa. Tatu, DLL haisafiri peke yake. Ukiipata moja, kesho utaambiwa inayokosekana ni nyingine.

Tunachofanya dukani ni kuuliza: faili hii ni ya nani? Jina lake hukupa jibu mara nyingi. MSVCP140.dll na VCRUNTIME140.dll, ambazo ndizo tunazoletewa zaidi, ni za kifurushi cha Visual C++ Redistributable. Kifurushi hicho ni cha bure na kipo kwenye tovuti ya Microsoft yenyewe. Chukua cha x64 (biti 64) na cha x86 (biti 32) vyote viwili, hata kama mashine yako ni ya biti 64, kwa sababu bado unaweza kuwa na programu za biti 32. Sakinisha, washa upya kompyuta, umemaliza. Ikiwa faili ni ya programu fulani, kwa mfano ya uhasibu au ya kuhariri picha, ondoa programu hiyo uisakinishe tena kutoka kwa mwenyewe. Ikiwa ni ya Windows, soma swali linalofuata. Ikiwa ni ya Office, ruka moja.

Kuna mteja aliyekuja na flashi yenye DLL 14, zote amezipakua usiku mmoja kwa bando lake, zote amezitupa ndani ya System32, folda ya maktaba za Windows yenyewe. Tulichukua nusu siku kumtolea moja moja. Shida yake ya awali ilikuwa kifurushi kile kile cha Visual C++, ambacho ni kidogo kuliko video moja aliyotumiwa na shangazi yake kwenye WhatsApp.

DLL za Windows zenyewe zikiharibika, nazitengenezaje?

Windows ina fundi wake ndani. Bofya kitufe cha Windows, andika cmd, ibofye kwa kitufe cha kulia cha kipanya na uchague "Run as administrator". Kwenye dirisha jeusi andika kwanza:

dism /online /cleanup-image /restorehealth

Amri hii hukarabati ghala la WinSxS, na inaweza kupakua vipande kutoka Windows Update, kwa hiyo uwe na mtandao. Asilimia zinaweza kuganda mahali pamoja kwa dakika nyingi. Usifunge, nenda ukanywe chai. Ikimaliza, andika:

sfc /scannow

Hii nayo hukagua faili za mfumo na kurudisha zilizoharibika kutoka kwenye ghala lile. Ndiyo maana tunaanza na dism: ukichota kwenye ghala bovu utarudisha ubovu. Watu wengi huendesha sfc peke yake, wakiambiwa imeshindwa kurekebisha baadhi ya faili, wanakata tamaa.

Kuna mtego mdogo hapo. Ukifungua kumbukumbu ya ukaguzi huo, C:\Windows\Logs\CBS\CBS.log, utaona neno CSI kwenye mistari mingi. Hilo halina undugu na csi.dll ya Office. Ni jina la sehemu ya Windows inayohudumia vipengele vya mfumo. Nimeshuhudia kijana mmoja mwerevu akitumia jioni nzima kuitafuta csi.dll ndani ya System32 kwa sababu ya herufi hizo, wakati yake iko salama kwenye folda za Office.

Na kama faili zinaharibika tena kila baada ya wiki mbili, acha kuzilaumu DLL. Diski inakufa. Kwenye laptopu zilizotumika ng'ambo zikaletwa huku, zile zenye diski za kuzunguka, hili ni la kawaida mno. Programu ya bure kama CrystalDiskInfo itakuonyesha afya ya diski. Ukiona rangi ya njano au nyekundu, nakili kazi yako leo hii, mengine yatafuata.

Word inasema kuna hitilafu kwenye kache ya hati. Nifute ile folda?

Subiri. Kwanza nikusimulie.

Mwaka jana mwanafunzi wa uzamili alitujia saa mbili kasoro usiku, tukiwa tunateremsha mlango. Tasnifu yake ilikuwa OneDrive. Alikuwa ameandika siku tatu akiwa kwao kijijini ambako mtandao unaokotwa mlimani, kwa hiyo kila alichoandika kilikaa kwenye kache kikingoja. Aliporudi Nairobi, Word ikaanza kumwonyesha ujumbe wa hitilafu ya kache. Akampelekea mtu wa karibu na hosteli, ambaye alifanya linaloandikwa kila mahali mtandaoni: alifungua OfficeFileCache, akachagua zote, akafuta, akamwaga na kapu la taka. Ujumbe ukatoweka. Sura ya nne nayo ikatoweka.

Tulijaribu programu za kuokoa faili zilizofutwa. Diski yake ilikuwa ya SSD, ambayo husafisha nafasi zilizoachwa mara moja, na hatukupata kitu. Alikaa kwenye kile kiti cha plastiki akiangalia skrini, hakulia, akaniuliza tu kama chaja yake ni nzima.

Basi fanya hivi, kwa utaratibu huu.

Fungua hati yenyewe kama inakubali kufunguka, na uihifadhi mara moja kwa jina jingine kwenye diski ya kompyuta, nje ya OneDrive. Hapo umeshajiokoa kwa kiasi kikubwa. Kisha nenda "File", halafu "Open", uone kama Office inakutangazia faili zinazohitaji kushughulikiwa. Hizo ndizo ambazo hazijapakiwa. Unganisha mtandao unaoaminika, wa nyumbani au wa ofisini, uziache zipande. Ingia OneDrive kwa kivinjari uhakikishe kwa macho yako kwamba aya yako ya mwisho ipo kule.

Ukishaona ipo, ndipo uguse kache, na hata hapo usiende na panga. Kwenye Word chagua "File", "Options", "Save", ushuke hadi kwenye mipangilio ya kache, ubofye kitufe cha kufuta faili zilizohifadhiwa humo. Hapo hapo utaona Office hukaa na faili kwa siku 14 usipobadilisha. Mimi huiacha hivyo hivyo.

Ikiwa Word haifunguki kabisa, funga programu zote za Office pamoja na OneDrive, nenda kwenye ile folda ya 16.0 niliyotaja juu, uibadilishe jina OfficeFileCache iwe OfficeFileCache_zamani. Usiifute. Office itatengeneza mpya ikianza. Ukigundua kuna kitu kimebaki kwenye ya zamani, bado unayo, na fundi mwenye subira anaweza kuirudisha mahali pake ajaribu tena.

Hitilafu ikiendelea, basi huenda maktaba za Office zenyewe ndizo mbovu. Nenda kwenye orodha ya programu zilizosakinishwa, tafuta Office, chagua "Modify". Utapewa njia mbili. "Quick Repair" haihitaji mtandao, anza nayo. "Online Repair" huipakua Office upya, na hiyo ni gigabaiti kadhaa. Usiifanyie kwa bando la saa moja.

Nilifungua kiambatisho kwenye Outlook, nikakihariri, nikasevu. Sasa sikioni popote.

Hili linawapata hasa makatibu na watu wa manunuzi maofisini. Ukibofya kiambatisho moja kwa moja ndani ya Outlook ya kawaida ya kompyuta, inakiweka kwanza kwenye folda iliyofichwa, Content.Outlook, chini ya INetCache. Ukisevu, unasevu huko huko. Ukifunga, ndio basi, barua pepe bado ina kile cha zamani.

Bonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, andika %localappdata%\Microsoft\Windows\INetCache\Content.Outlook kisha Enter. Utakuta folda ndogo yenye jina la herufi zilizochanganyika. Ingia, panga kwa tarehe. Ukiwahi, faili yako imo. Siku nyingine hifadhi kiambatisho kwanza kwenye "Documents" ndipo ukihariri. Najua unajua. Hata mimi najua, na mwezi jana nilifanya kosa lile lile na ankara ya mteja.

Stima ilipotea kabla sijasevu. Kache inaweza kuniokoa?

Kache hapana, lakini kuna jamaa yake. Word huweka nakala za dharura kila baada ya dakika 10 isipobadilishwa, nazo huishia na .asd. Ukiiwasha tena baada ya stima kurudi, huwa inakupa hati hizo upande wa kushoto. Isipokupa, nenda "File", "Info", "Manage Document", kisha "Recover Unsaved Documents". Hati ambayo hukuwahi kuipa jina hukaa huko siku nne tu, kwa hiyo usingoje hadi wikendi ndipo uitafute.

Kwa mtaa wenye stima ya kusuasua, badilisha hizo dakika 10 ziwe 2. Iko pale pale kwenye "Options", "Save".

Nimeprinti kitambulisho na cheti cha KRA kwenye saiba. Vinabaki kwenye mashine yao?

Swali zuri, na nashangaa halijaulizwa mara nyingi zaidi katika mji ambao kila mtu amewahi kuprinti maisha yake yote kwa mtu asiyemjua.

Kazi ya kuprinti hupita kwenye foleni. Windows huandika hati yako kwenye C:\Windows\System32\spool\PRINTERS kama faili mbili, moja ya .SPL yenye ukurasa wenyewe na nyingine ya .SHD yenye maelezo ya kazi. Printa ikimaliza, zote mbili hufutwa. Zinabaki tu kama printa iligoma katikati, au kama mwenye saiba amewasha chaguo la kuhifadhi hati zilizokwisha kuprintiwa. Kwa hiyo ukiona karatasi yako imekwama, usiondoke ukiiacha kwenye foleni. Mwambie mhudumu aifute ukiona.

Lakini kusema kweli hatari kubwa haiko huko. Iko kwenye folda ya "Downloads". Umefungua barua pepe, umepakua PDF ya kitambulisho, umeprinti, umelipa kwa M-Pesa, umekimbilia matatu. PDF imebaki, na pengine barua pepe yako nayo iko wazi. Nimeketi kwenye saiba nikakuta humo barua za kazi, matokeo ya hospitali na hati ya shamba, za watu ambao hadi leo hawajui. Kenya ina Sheria ya Kulinda Data ya 2019, na mwenye saiba ana wajibu chini yake, lakini sekunde kumi zako za kufuta zitakusaidia haraka kuliko sheria. Futa kwa Shift pamoja na Delete ili isipitie kwenye kapu.

Na kwa wenye saiba: foleni ikiganda, fungua cmd kama msimamizi, andika net stop spooler, futa vilivyomo kwenye ile folda ya PRINTERS, kisha net start spooler. Folda yenyewe iache.

Antivairasi imeondoa DLL na sasa Office haifunguki.

Uliza kwanza Office hiyo ilitoka wapi. Ikiwa uliuziwa laptopu na Office "imeshawekwa, boss, hiyo ni ya maisha", kuna uwezekano mkubwa ilifunguliwa kwa kuweka DLL bandia kando ya ile halali. Antivairasi imeiona, imeifungia, na imefanya kazi yake. Watu hunitaka niizime antivairasi. Siizimi.

Ikiwa Office ni halali, ingia kwenye orodha ya vilivyofungiwa, tazama jina na mahali faili ilipokuwa. Bofya faili kwa kitufe cha kulia, "Properties", utafute ukurasa wa saini za kidijitali. DLL za Office zina saini ya Microsoft ndani yake. Ila usishtuke ukikuta DLL nyingi za Windows zenyewe hazina ukurasa huo. Hizo husainiwa kwa orodha ya pamoja iliyowekwa kando, si ndani ya faili moja moja.

Kwa nini kuna System32 na SysWOW64, na ipi ni ipi?

Kwenye Windows ya biti 64, System32 ina maktaba za biti 64, na SysWOW64 ina za biti 32. Hapana, sijakosea, majina yamekaa kinyume. Programu nyingi za kale zilikuwa zimeandikwa jina System32 ndani yake, na Microsoft haikutaka kuzivunja.

Ni kweli virusi hujificha kwenye DLL?

Kweli. Programu ikihitaji DLL, kwa kawaida huanza kuitafuta kwenye folda yake yenyewe kabla ya kwenda kwenye System32. Mhalifu akiweka yake yenye jina lile lile hapo karibu, programu huibeba bila kuuliza, kama mtu anayeitwa jina lake kituoni Ambassadeur akageuka kabla ya kuona ni nani. Stuxnet, programu hasidi iliyogunduliwa 2010 na kuhusishwa na kuharibu mitambo ya nyuklia ya Iran, ilifanya jambo la aina hii: iliibadilisha jina DLL moja ya programu ya Siemens, s7otbxdx.dll, ikakalia kiti chake, kisha ikawa inapitisha maagizo mengine kwa ile halali kama tarishi mwaminifu. Waendeshaji waliona kila kitu kiko sawa.

Kwako wewe maana yake ni ndogo na ya kawaida: usiendeshe programu ukiwa ndani ya "Downloads" iliyojaa kila kitu, na usifungue folda ya zipu uliyotumiwa yenye programu moja na DLL mbili kando yake. Hasa ukiambiwa ni orodha ya bei au wito wa mahakamani.

Naweza kufuta WinSxS? Imekula diski yangu.

Hapana. Na haijala kiasi unachokiona. Faili nyingi humo ni zile zile zilizo System32, zinahesabiwa mara mbili kwa sababu zina majina mawili. Ukitaka kuipunguza kwa usalama: dism /online /cleanup-image /startcomponentcleanup.

Bado natumia Windows 10 na Office 2016. Shida ziko huko?

Muda wa Microsoft kuzihudumia zote mbili, pamoja na Office 2019, uliisha tarehe 14 Oktoba 2025. Hazikuzimika siku hiyo, lakini kasoro mpya kwenye DLL zake haziwekwi kiraka tena kwa Office, na kwa Windows 10 ni kwa waliojiandikisha kwenye mpango wa nyongeza pekee. Kama mashine yako haikubali Windows 11 na mfuko hauruhusu mpya, LibreOffice ni ya bure, inasasishwa, na inasoma hati zako nyingi vizuri. Jedwali zenye mapambo mengi zitakusumbua kidogo.

Mac na Linux nazo zina DLL?

Zina maktaba za pamoja kwa majina mengine: .dylib kwenye Mac, .so kwenye Linux. Kwenye Mac, tangu macOS Big Sur ya 2020, maktaba nyingi za mfumo hazionekani tena kama faili moja moja, zimefungwa zote ndani ya kache moja kubwa, kwa hiyo usishangae ukiitafuta usiione. Kwenye Linux, ukisakinisha maktaba kwa mkono na programu ikadai haioni, jaribu sudo ldconfig, ambayo husasisha orodha ya mahali maktaba zilipo.

Nikija dukani nije na nini?

Chaja yako. Neno la siri la Windows na la akaunti ya OneDrive, kichwani, si kwenye karatasi uliyobandika chini ya laptopu. Picha ya ujumbe wa hitilafu uliyopiga kwa simu, nzima, yenye jina la faili linalosomeka. Utuambie pia uliyeanza naye alifanya nini, bila aibu, hatucheki. Na kama kuna hati haijapakiwa, usiizime kompyuta wala usimpe mtoto acheze gemu njiani. Ifunge tu kifuniko uje nayo. Tunafungua saa mbili unusu asubuhi. Lifti haifanyi kazi, tumia ngazi za upande wa duka la simu.